Jina ya Amisi kwenye ramani ya inchi ya kivuli

Kambi ya wakimbizi ya Dzaleka, siku ya Mungu, kisha ibada

Yaya yangu Feza, dada mukubwa,

Mbele ya yote nakusalimia, wewe na nyumba yako yote pale Uvira. Mvua imeacha kubomoa barabara yenu? Na goti lako, unapanda bado kwenda soko bila fimbo? Sisi huku tuko, Mungu anatulinda. Mke wangu Neema anashona uniformu za batoto ba masomo tangu asubuhi mpaka jua linazama. Mama iko mzima, lakini kulitokea jambo, na njo sababu nakuandikia, sikupigii simu.

Unajua kazi yangu ni kupaka mabango ya saluni na maduka. Lakini mwaka huu niliandika kitabu. Usicheke. Ni kitabu cha kubuni, kinafundisha namna ya kuchora ramani za inchi za kivuli, zile babu alituambiaga ziko chini ya ziwa, kwenye bantu banatembea bila kusikika. Ndani kuna fundi wa ramani za uchawi anayefundisha kazi yake. Wino utoke kwenye masizi ya sufuria iliyopikia bantu ba kilio. Umbali upimwe kwa pumzi, kwa sababu kule hatua hazilingani. Mto ukikuona unaandika jina lake utahama, kwa hiyo ungoje mto ulale kwanza. Na njia zote zichorwe zinaingia tu, hakuna hata moja inayotoka. Nilisomea vijana ba kanisa, kila mmoja akataka chake. Mumalawi mmoja wa Biwi, kule Lilongwe, Bwana Chisomo, mwenye mashine ya kuchapa, akakubali kukichapa.

Ile ramani kubwa ya katikati ilihitaji majina. Niliweka ya vijito vya kwetu Fizi, nikigeuza kidogo. Kwenye kijiji cha mwisho, nyuma ya milima yote, niliandika Amisi. Mukono iliandika mbele ya kufikiri. Na sikufuta.

Mama hajui kusoma, lakini jina ya mutoto wake anaijua kwa macho, tangu karatasi ya ubatizo. Nilikuwa nimeshapeleka kazi Biwi. Akaokota karatasi ya majaribio juu ya meza.

"Hii si Amisi?"

"Njo yeye, Mama. Ni hadisi tu."

"Na hii inchi ni ya nani?"

Ningedanganya. Sikuweza. "Ya bale balikufa, Mama. Lakini ya kubuni."

Akakunja karatasi polepole. "Bantu bakizika mutu, banaitaga mama yake kwanza. We umemuzika mutoto wangu bila kuniita."

Yaya, tangu mudogo wetu Amisi alirudi nyuma kumubeba shangazi siku ile ya kukimbia vita, kwetu hapa hakuna aliyesema amekufa. Tunasemaga "hatujamuona." Na mimi nilimuandika kule. Siku mbili Mama hakugusa chakula. Neema alimupelekea uji, unarudi vile vile, umeganda.

Siku ya tatu nilipanda kabaza, baiskeli ya kubeba bantu, mpaka barabara kubwa, kisha minibasi mpaka Lilongwe, nikitaka kuzuia kitabu kisichapwe. Nilikuta kurasa za ramani zimepangwa juu ya sanduku, zimekauka.

"Pepani, achimwene, samahani ndugu," Bwana Chisomo aliniambia. "Zimeshatoka. Nikizitupa, sina karatasi nyingine."

Nilirudi nikamuambia Mama. Alitazama Neema akikanyaga mashine ya kushona.

"Kwenye hiyo karatasi kuna nafasi?"

"Nafasi ya nini?"

"Ya njia. Weka njia inatoka."

"Mama, kitabu kinasema hakuna njia inayoto..."

"Nani aliandika kitabu?"

Nikatafuta kalamu.

"Weka na kisima katikati," akasema. "Amisi hawezi safari na kiu."

Kesho yake tulienda Biwi pamoja. Mama alikaa kwenye kiti kidogo karibu na mlango, mimi nikachora kwa kalamu, karatasi moja kisha nyingine, njia na kisima, njia na kisima. Kila moja aliipokea, akaitazama karibu na uso, akaiweka chini. Mbili alinirudishia: kisima nilikiweka mbali sana. Mchana mke wa Bwana Chisomo alituletea nsima, ugali wa huku, na mboga ya maboga. Mama alikula akamaliza, akashukuru kwa luga yao, zikomo, akasema niendelee.

Yeye sasa ametulia. Mimi hapana. Nashika burashi, naiweka chini. Naenda mpaka kwenye bomba la maji, narudi bila ndoo. Nilichora ile njia mara nyingi sana, na sijui kama nilikuwa nadanganya mama yetu.

Yaya, zamani ulipopiga simu ulianzaga na jina yake: "Habari ya Amisi bado." Tangu Pasaka hujalitaja. Mama hajaona, ao ameona ananyamaza. Kama kuna kitu unajua, niandikie, umupe mutu anayekuja huku. Usipige, kwa sababu simu anaishika yeye.

Nisalimie shemeji mwalimu, na mama mukubwa muuza samaki ndagala, na binti yako aliyejifungua juzi. Neema ameshona kikofia cha mutoto.

Kama hujui kitu, andika hivyo hivyo, kwamba hujui. Nitaamini mukono wako.

Mudogo wako,
Bahati