Jina Lililotangulia Ngoma

Shemeji Masanja,

Salamu nyingi kutoka Kirumba. Nimekaa meza ya mbele kabisa, bega kwa bega na waziri. Haya, nimedanganya: tuko nyuma, karibu na masufuria ya samaki sato, mimi na binti yako Kabula, huyu unayemnunia tangu aache uuguzi akaenda studio kutengeneza nyimbo.

Leo wanatoa tuzo ya taifa ya maprodyuza. Upepo wa ziwa unatikisa turubai, na Kabula kanibana mkono kama kuku wa kuchinjwa. Mshereheshaji akataja wimbo ulioshinda. Ni wa Kabula! Lakini kabla hajanyanyuka, mwimbaji wake, kijana mmoja wa miwani myeusi, alishakimbilia jukwaani, na watu wote wakampigia makofi yeye.

"Mjomba, twende zetu," Kabula akasema, machozi yakimlengalenga.

"Tulia wewe, sijamaliza soda."

Fundi mitambo akaufungulia ule wimbo. Ngoma haijalia bado, spika zikatoa sauti ya Kabula: "Binti Masanja, kazini!" Ndivyo anavyoanza kila wimbo wake, kwa jina lako, mkaidi wewe. Yule kijana akasimama kwenye ngazi, akavua miwani, akageuka kumtafuta. Kabula akapita katikati ya meza, mpaka akaishika tuzo yake mwenyewe.

Msalimie dada yangu, mwambie nanenepa. Na wewe, siku ulipouza mbuzi wake bila kumwambia, ni mimi niliyekutetea, hujanilipa mpaka leo. Nilipe sasa: mtoto akikupigia simu, pokea.

Mabula