Kura za Jumamosi ya Mwisho

MAELEZO YA SHAHIDI

Yamechukuliwa katika kituo cha polisi, Johannesburg, Jumatatu tarehe 24 Oktoba 2011, kuanzia saa tatu asubuhi, mbele ya Sajini T. Ngobese. Mkalimani: Bi Masika.

Jina la shahidi: Belyse Nahimana
Umri: miaka 23
Kazi: karani, ofisi ya ligi ya soka ya vyuo, Braamfontein
Makazi: Bellevue, nyumba ya kupanga, chumba cha nyuma

Mimi niliyetajwa hapo juu ninasema kwa hiari yangu. Kiingereza ninakitumia kazini kila siku, lakini nimeomba kusema Kiswahili kwa sababu jambo hili linamhusu mtu aliye mahabusu na sitaki neno lolote liniponyoke. Ninaomba pia iandikwe kwamba ninaogopa. Sajini amesema si lazima liandikwe. Mimi ninaliona la lazima, ili atakayesoma asidhani nilikuja hapa kwa ujasiri.

Nimeitwa kwa sababu ya Égide Bizimana, mwanafunzi na mchezaji, aliyekamatwa Ijumaa tarehe 21 Oktoba. Anatuhumiwa kumjeruhi Bwana Mothapo, katibu wa ligi, ambaye ni bosi wangu, kwa kumrushia tuzo ya kioo. Nimeelezwa kwamba leo mchana atapelekwa mahakamani. Égide hakurusha tuzo hiyo. Aliyeirusha ni kocha wake, Mwalimu Njoroge. Nilikuwa chumbani na niliuona mkono wake.

Najua yatakayosemwa. Égide ni Mrundi kama mimi, na anakaa katika nyumba ileile ninayokaa, chumba cha mbele. Watasema ninamtetea wa kwetu. Mwalimu Njoroge ni Mkenya, anafundisha uhasibu katika chuo cha biashara anachosoma Égide, na ndiye kocha wa timu ya chuo hicho. Yeye ndiye aliyenitafutia kazi niliyo nayo. Mkewe, Bi Jelimo, ndiye aliyenipa sketi niliyoivaa siku ya usaili, na leo nimeivaa tena kwa sababu sina nyingine ya kuingilia ofisi za serikali. Kama ningekuwa ninachagua wa kumpendelea, ningempendelea Mwalimu.

Sajini ameniuliza kwa nini watu wazima wagombane kwa ajili ya kioo. Kioo chenyewe si kitu. Anayetajwa mchezaji bora wa msimu hulipiwa ada ya mwaka wake wa mwisho pamoja na bweni. Égide hana mtu wa kumlipia. Akikosa tuzo, anakosa chuo.

Kura hupigwa hivi. Timu ni kumi. Siku ya Jumatatu baada ya mechi za mwisho, kila kocha hupiga simu ofisini na kunitajia jina moja tu. Kocha haruhusiwi kumtaja mchezaji wake mwenyewe. Kura zikilingana, tuzo huenda kwa mchezaji wa timu iliyochukua ubingwa. Hakuna kingine. Hakuna anayeulizwa sababu, na hakuna anayekumbushwa yaliyotokea mwezi wa nne.

Tangu mwezi wa tatu hadi wa tisa hapakuwa na ubishi juu ya Égide. Makocha walipopiga simu kuulizia ratiba walimtaja bila kuulizwa. Kocha mmoja wa Soweto aliniambia mwezi wa nane kwamba niende nikalichoreshe jina kwenye kioo mapema, nisije nikapanga foleni. Bwana Mothapo alicheka akasema, "Eish, huyu kijana wenu ametuharibia utamu."

Timu ya Mwalimu Njoroge ilitwaa ubingwa zikiwa zimebaki mechi mbili. Sasa, timu hiyo ina desturi yake, aliyoileta Mwalimu. Ubingwa ukishapatikana, mechi zinazobaki huchezwa na wale waliokaa benchi mwaka mzima, ili kila kijana arudi kwao na jezi iliyolowa jasho lake. Wale nyota hukaa nje na kuwahudumia wenzao. Ni desturi nzuri. Mimi mwenyewe niliwahi kuisifu mbele za watu.

Jumamosi ya kwanza kati ya hizo mbili nilimwona Égide akitembeza chupa za maji. Jumamosi ya pili, tarehe 15 Oktoba, mechi zote zilichezwa uwanja mmoja, zikifuatana, kwa sababu kulikuwa na kamera za televisheni. Kwa hiyo makocha wote kumi walikuwepo uwanjani. Nilikuwa pembeni ya benchi nikigawa vitambulisho, na nilimsikia Égide akimwambia kocha wake, "Mwalimu, unipe hata dakika makumi mbili." Mwalimu alimshika bega. Akamjibu, "Wewe tuzo uko nayo tayari. Wachia wenzako wacheze." Égide hakurudia ombi. Akavaa ile fulana ya rangi ya machungwa ya watu wa maji.

Katika mechi iliyofuata alicheza Lwazi, mshambuliaji wa chuo cha ufundi. Alifunga mabao matatu. La tatu alilifunga kutoka mbali sana, na jukwaa zima lilisimama, nami nilisimama. Lwazi ni mchezaji mzuri na ni kijana mwenye adabu. Sina neno naye. Lakini mwezi wa tano alikuwa hapati hata namba katika timu yake.

Jumatatu tarehe 17 simu zilianza saa nne asubuhi. Kocha wa kwanza alisema Lwazi. Wa pili alisema Lwazi, akaniuliza kama niliona lile bao. Yule wa Soweto, aliyeniambia nikachoreshe jina mapema, alisema Lwazi. Nilimuuliza kama ana hakika, jambo ambalo si kazi yangu. Akasema, "Ndiyo, Lwazi. Yule mwingine si aliumia? Nilimwona anabeba maji." Nikamwambia hakuumia. Akasema, "Basi mwakani," akakata simu. Mwakani Égide hatakuwepo, lakini hilo halikuwa jambo la kumwambia mtu kwenye simu.

Kocha wa Lwazi mwenyewe alimtaja Égide. Wengine watatu walimtaja Égide, mmoja Lwazi, na mmoja kipa wa chuo cha uuguzi.

Mwalimu Njoroge alipiga simu wa mwisho. Mwaka mzima alikuwa akisema kwamba, ukimtoa Égide, mchezaji wa ligi hii ni kipa wa chuo cha uuguzi. Aliyasema hayo nyumbani kwake nikiwa mezani, akabishana na mkewe, ambaye alisema kipa si mchezaji, ni mlinzi wa geti. Siku hiyo kwenye simu alikuwa na furaha. Alisema, "Belyse, andika Lwazi. Mtoto ametufurahisha Jumamosi, lazima mtu useme ukweli." Nilikuwa nimeshaandika kura za wenzake tisa. Nilijua jina hilo linafanya nini. Sikuwa na ruhusa ya kumwambia.

Lwazi alipata kura tano, Égide nne, kipa moja. Mwalimu angelitaja jina alilolitaja mwaka mzima, Lwazi na Égide wangelingana kwa nne, na tuzo ingekwenda kwa timu bingwa.

Ijumaa tarehe 21, saa tisa na nusu alasiri, Mwalimu Njoroge alikuja ofisini akiwa na Égide. Matokeo yalikuwa yametangazwa asubuhi. Ofisi yetu ni chumba kimoja: meza yangu iko karibu na mlango, meza ya Bwana Mothapo iko dirishani, na nyuma yake kuna kabati la chuma. Tuzo ya kioo ilikuwa juu ya meza ya Bwana Mothapo, imetoka kwa mchoraji siku hiyohiyo. Ilikuwa na uzito wa tofali.

Mwalimu alisema kwa Kiingereza kwamba kura ile si ya msimu, ni ya Jumamosi moja. Alisema makocha wamesahau miezi saba kwa dakika tisini, na kwamba watu wazima wasio na kumbukumbu wasipewe hatima ya kijana mkononi. Alisema vizuri, kama anavyosema darasani. Égide alisimama upande wake wa kulia, mikono nyuma. Alikuwa na macho mekundu.

Bwana Mothapo alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Coach, na wewe ulimpa nani?"

Mwalimu alisema kura ni siri.

Bwana Mothapo akasema, "Siri yako ilikuwa Lwazi. Ungempa mtu mwingine yeyote, kijana wako angekuwa anachukua hiki kioo kesho." Hakusema kwa ukali. Nadhani hakufikiria kwamba Égide alikuwa hajui. Kisha akageuka, akainama kwenye kabati atoe karatasi ya kanuni za ligi.

Égide alimgeukia kocha wake. Akamuuliza kwa Kiswahili, "Ni kweli, Mwalimu?" Mwalimu alikichukua kile kioo kwa mkono wa kulia na kukitupa kwa nguvu. Sidhani alimlenga mtu. Sijui. Nilichokiona ni kwamba kiligonga ubavu wa kabati, kikavunjika, na kipande kikamchana Bwana Mothapo juu ya jicho la kushoto alipokuwa anainuka. Damu ilikuwa nyingi. Nilimpa kitambaa changu cha kichwani.

Bwana Mothapo alikuwa ametugeuzia mgongo. Alipogeuka, aliyekuwa karibu na meza ni Égide, kwa sababu Mwalimu alikuwa amerudi nyuma hadi kwenye meza yangu. Mlinzi wa jengo aliingia kwa kishindo, akauliza nani. Bwana Mothapo alimwonyesha Égide. Hapo Mwalimu akasema, "Kijana amekasirika, tumsamehe." Hayo ndiyo maneno yake, na nimeyapima kabla ya kuyasema. Hakusema Égide ndiye aliyerusha. Alisema kijana amekasirika, tumsamehe.

Égide alimtazama. Alikuwa anangoja aendelee. Alingoja mpaka polisi walipofika, na alingoja walipomfunga pingu, na hadi leo nasikia hajasema lolote zaidi ya jina lake. Watu wanafikiri kunyamaza ni kukiri. Mimi ninamjua. Hawezi kumkatiza mwalimu wake kabla hajamaliza.

Polisi waliandika jina langu siku ile na kuniambia nitaitwa Jumatatu.

Jumamosi asubuhi Mwalimu Njoroge na Bi Jelimo walikuja Bellevue na chapati zimefungwa kwenye taulo. Walikuwa hawajawahi kufika chumbani kwangu kabla ya siku hiyo. Bi Jelimo alikaa kitandani, akawa anatazama ukuta. Mwalimu alisema Égide bado mdogo, hana rekodi, ataachiwa kwa onyo. Akasema, "Mimi niko na kibali cha kazi, Belyse. Niko na watoto shule. Mimi nikiguswa, ni watu wanne wanaguswa." Nilimwambia kwamba Égide anaishi kwa karatasi ya hifadhi ya ukimbizi inayogongwa muhuri upya kila baada ya miezi kadhaa, na afisa wa muhuri ataona kesi. Hilo nililisema kwa sauti ndogo, lakini nililisema. Mwalimu akasema, "Hiyo kazi ni mimi nilikutafutia. Si unakumbuka?"

Bi Jelimo alisema, "Baba, twende." Aliacha chapati. Nilizipeleka kwa majirani.

Leo nilipoingia hapa nilimkuta Mwalimu ameketi mapokezini na blanketi magotini, akisema amemletea Égide. Nilimwamkia shikamoo. Aliitikia marahaba, halafu akaniambia polepole, "Sema tu hukuona. Sikwambii useme uongo mwingine." Nilipita.

Sajini ameniuliza kama nina chuki na Mwalimu Njoroge. Sina. Ningependa kuwa nayo, ingenirahisishia. Ameniuliza pia kama ninajua kwamba huenda nikapoteza kazi. Ninajua. Bwana Mothapo ameshaapa kwamba ni Égide, na mimi ninasema bosi wangu amekosea, na aliyeniingiza kazini amenyamaza. Sijui nitafanya kazi wapi.

Sina la kuongeza wala la kupunguza; nimesomewa yote na ni yangu.

(Sahihi) B. Nahimana

DOKEZO LA OFISA, kama lilivyofasiriwa na mkalimani:

Maelezo haya yamesomwa kwa shahidi naye akayathibitisha. Ilibidi asaini mara ya pili. Nakala ilipelekwa kwa mwendesha mashtaka kabla gari la mahakamani halijaondoka. Mwendesha mashtaka ameamua kutomshtaki Égide Bizimana, na ameagiza Bw. Njoroge ahojiwe.

Nilikwenda mwenyewe mahabusu kumweleza kijana kwamba yuko huru. Aliuliza kama Mwalimu amesema mwenyewe. Nilimjibu hapana, amesema mtu mwingine. Alibaki ameketi kwa muda, ikabidi nimwambie tena kwamba anaweza kwenda.

Bw. Njoroge hakuwepo tena mapokezini. Blanketi alilolileta lilikuwa juu ya kiti. Nilimwonyesha kijana, nikamwambia ni lake. Hakulichukua.

Sajini T. Ngobese