Mikono Mingi ya Musa

Njoro, 9 Septemba 1956

Kemboi mjukuu wangu,

Sisi wazima, na ng'ombe amezaa. Dada yako Jepkorir alinisomea barua yako. Eti unaacha chuo cha wahubiri kwa sababu mwalimu amesema vitabu vya Musa viliandikwa na watu wengi? Mjinga wewe! Jumapili tuliwachanganyia wageni mursik, maziwa yetu ya mgando, ya vibuyu vitatu. Nilionja tu, nikajua mkaa ambao kila mmoja alisugulia kibuyu chake: wa Jepkorir, wa mama yako na wangu. Wageni walishiba wakaimba! Mwalimu wako naye anaonja vitabu vya Musa hivyo hivyo, basi. Nilimwambia mchungaji hivyo, akacheka mpaka akashika kiti. Maliza masomo. Krismasi utahubiri hapa, nimeshatangaza kanisani. Ole wako uniaibishe!

Ni mimi kogo wako,
Chepkemboi