Nafula, Mgomba Umeshakatwa

Doha, Ijumaa, tarehe 13 Juni. Asubuhi ya vumbi. Upepo umevuma tangu alfajiri na ghorofa za mtaa wetu wa Fereej Bin Mahmoud zimefifia kama zilizofutwa kwa kitambaa kichafu. Jua halionekani lakini joto limeshafika.

Dada yangu Nafula,

Nimetoka zamu ya usiku kwenye chumba cha kufulia cha hoteli, na kabla sijavua viatu mama yako amenipigia kutoka Bungoma. Wazee wameketi. Kesho watakuzika. Kwa kuwa hakuna mwili, wamekata mgomba. Watauvika shuka, watauteremsha kaburini na kuulilia kwa jina lako, ili boma lipumzike. Wanasema miaka mitatu ya ukimya inatosha. Lakini kabla ya jembe kugusa ardhi, mama yako anataka jibu moja kutoka kwangu.

"Mwanangu, wewe ndiye uliyemwona mwisho. Ulimwacha akiwa mzima?"

Nikamwambia mtandao ni mbaya, nitapiga baadaye. Mtandao ulikuwa safi kabisa. Nilikuwa nasikia hata jogoo wake.

Nimetoa daftari la mwaka ule na kulifungua kwenye Jumapili yetu ya kisiwa cha Kupro. Nataka nipite tena safari ile nawe, kituo kwa kituo, kabla sijamjibu. Nikimaliza nitaiweka barua hii kwenye kundi la mtandaoni la akina dada wa Afrika Mashariki walioko kisiwani, kila mtu aione. Kama uko hai, mmoja wao atakufikishia.

Unakumbuka Madam, mwajiri wetu wa Doha aliyetupeleka Kupro kwa likizo yake, alinunua tiketi tano za basi na sisi tulikuwa sita? Yeye, wavulana wake wawili, binti yake Lulu, wewe na mimi. "Lulu atapakatwa," akasema. Lulu alikuwa na miaka minne na uzito wa gunia la viazi. Madam na wavulana wakakaa mbele, karibu na dereva. Sisi tukapelekwa kiti cha mwisho, juu ya injini, wewe umempakata mtoto, mimi nimekumbatia mkoba wa nguo zake.

Yule mama mwembamba, mwongozaji wa watalii, alipita katikati akitunyooshea mwavuli wake mwekundu, kichwa kwa kichwa. "Arobaini!" Lulu hakuhesabiwa, maana kichwa chake kilikuwa chini ya kidevu chako. Niliandika namba hiyo daftarini, wewe ukacheka. "Wewe ungehesabu hata chumvi kwenye uji."

Kisha mama yule akashika maikrofoni, na kila tulipopita alikuwa na maiti za kutuonyesha. Kwenye ukuta huu walitundikwa watu. Kwenye mnara ule ndugu alimtoboa ndugu yake macho. Pale chini, wanawake waliruka baharini na watoto wao mgongoni kuliko kukamatwa. Watalii wakapiga picha mahali pa kuruka.

"Weh, anataja mauaji kama anayetaja bei ya nyanya," ukaninong'oneza.

"Nyamaza, atasikia."

"Kiswahili atakisikilia wapi? Kisiwa kizima ni bucha. Na hajafika nyumbani kwetu."

Nyumbani kwetu. Sijawahi kumweleza mama yako nyumba ile. Madam hakuwa mwenyeji wa Doha, alikuja kutafuta kama sisi, ila mkataba wake ulikuwa mnene. Kanuni yake ilikuwa kwamba kosa la mmoja ni la wawili. Mimi nikivunja sahani, wewe unavutwa nywele. Wewe ukiunguza wali, mimi nafungiwa kwenye baraza la kuanikia nguo, Agosti, saa sita mchana, mpaka miguu iive kwenye vigae. Siku aliyokugusa mkono kwa pasi nilikuwa nimesimama hatua mbili kutoka kwako nikikunja soksi, na niliendelea kukunja. Niliandika jioni ile: "Soksi jozi kumi na nne. N. ameungua." Sioni aya yenye aibu kuliko hiyo katika madaftari yangu yote.

Kituo cha kwanza kilikuwa mji mkuu. Tuliposhuka tukaona bustani imejaa wanawake waliokaa kwenye kanga na mikeka, wanasukana, wanakula wali kwenye vyombo vya plastiki, wanacheka kwa sauti. Ukauliza, "Kuna harusi?" Mama mmoja akageuka. "Harusi gani, dada? Leo Jumapili. Sisi ni wafanyakazi wa ndani, ni siku yetu." Alikuwa wa Kakamega! Nakumbuka ulivyosimama, Lulu kiunoni, mdomo wazi. Mimi na wewe tulikuwa na miezi kumi na minne bila siku moja. Akakukatia kipande cha mkate, akakuandikia namba yake kwenye karatasi ya mkate huohuo. Mlizungumza dakika tano. Nilizipima kwa saa ya kanisa. Madam naye alizipima, kutoka kwenye meza ya kahawa ng'ambo ya barabara.

Alingoja mpaka kituo cha pili, ile ngome ya pwani. Watu walipanda juu kumsikiliza mama wa mwavuli akieleza jinsi walivyomwaga mafuta ya moto kwa waliokuwa chini. Sisi tulibaki nyuma ya ukuta. Madam aliniomba ile chupa ya chai ya chuma iliyokuwa na maziwa ya Lulu. Nikampa. Nafula, mimi ndiye niliyempa. Nilidhani mtoto ana kiu. Akaishika shingoni na kukupiga nayo sikioni, mara moja, kisha mara ya pili ulipokuwa unainama. Haikutoa sauti kubwa, ilikuwa kama mlango wa friji unapofungwa. Ukapiga goti. Juu yetu watalii walicheka utani fulani wa mama wa mwavuli.

"Umezungumza na nani?" Madam akauliza.

"Na dada yangu," ukajibu.

Akakupiga teke la mbavu. Damu ilitoka ndani ya sikio, nyembamba, ikafuata shingo mpaka kwenye kola ya sare. Lulu alikuwa ananishika sketi, ameona yote. Madam akafuta chupa kwa tishu, akanirudishia, akasema, "Yalla, basi linaondoka."

Basi lilipopanda mlima ulikuwa umeegemea kioo. Niliogopa usingizi wako, nikawa nakuuliza majina ya ng'ombe wenu wote ili usilale. Ulitaja sita. Kisha ukaniambia maneno ambayo niliyaandika daftarini baadaye sana, nikayapigia mstari: "Mdogo wangu, nikirudi Doha nitakufa kwenye jiko lile. Kituo kijacho sipandi basi. Mama wa mwavuli akihesabu, wewe sema tumetimia."

"Pasipoti anayo yeye."

"Na sikio ninalo mimi, lile moja lililobaki. Sema tumetimia."

"Atanimaliza, Nafula."

Hukunidanganya. Ulisema, "Najua. Kosa la mmoja ni la wawili." Ukanishika mkono, vidole vyako vilikuwa vya baridi. "Nakuomba."

Kituo cha tatu kilikuwa nyumba ya watawa kijijini, na michungwa uani. Mwongozaji alitupa dakika arobaini. Ukaenda chooni na kitambaa cha Lulu sikioni na karatasi ya mkate ndani ya soksi. Hukurudi.

Watu wakapanda, mwavuli ukaanza kuja nyuma. Thelathini na saba. Thelathini na nane. Nilitenda bila kufikiri. Nilimkalisha Lulu kwenye kiti chako, juu ya mkoba wa nguo zake, nikamvika kofia yako ya jua. Kichwa chake kikatokeza juu ya kiti kama cha mtu mzima mfupi. Nikamwambia, "Lulu, kaa wima, tunacheza." Mwavuli ukanigusa mimi, ukamgusa yeye. "Arobaini! Wote tumo!"

Kama Madam angelipia kiti cha sita, hesabu ingepungua. Hukununuliwa kiti, dada, kwa hiyo hukupungua.

Madam akapaza sauti kutoka mbele bila kugeuka, "Wote wapo?"

"Wote, Madam."

Basi likaondoka, nikageukia kioo cha nyuma. Nilikuona nyuma ya ukuta wa watawa, kitambaa sikioni kwa mkono mmoja na chungwa kwa mkono mwingine, unalimenya kwa meno. Hukunipungia. Ulitema ganda, ukatafuna. Kona ikakuficha.

Yaliyofuata hujui, na nimeyaficha hata kwa walionitibu. Ufukweni, kituo cha nne, Madam alikuja nyuma kuchukua taulo, akamkuta Lulu na kofia yako. Alielewa mara moja. Alinishika nywele akanigonga uso kwenye chuma cha kiti cha mbele. Jino likaondoka kwa pigo la kwanza. La pili lilinipasua mdomo. Watu arobaini kasoro mmoja walikuwa wanachukua kofia na mafuta ya jua. Mzee mmoja akasema, "Jamani, jamani," akaendelea kutafuta viatu vyake. Madam alikuwa ananiuliza uko wapi kwa kila pigo, na nilikuwa najaribu kuhesabu mapigo kama ninavyohesabu kila kitu, lakini baada ya saba nilichoka kuhesabu, nikamuuma.

Nilimuuma kiganja, hapa chini ya kidole gumba. Niliuma mpaka meno yakakutana na kitu kigumu, nikauma tena. Alipiga kelele kama mbuzi. Damu yake na yangu zilikuwa na ladha moja. Nilitaka kumla, Nafula. Nilisikia furaha, na furaha ile ndiyo iliyonitisha kuliko jino. Ilinichukua sauti ya Lulu kufungua mdomo wangu, alikuwa amejikunja chini ya kiti, kofia yako imemziba macho, anasema, "Mimi nilikaa wima. Mimi nilikaa wima."

Kwa mtoto yule naomba msamaha mpaka leo. Kwa Madam sijaomba.

Mama wa mwavuli ndiye aliyeita polisi. Madam akawaambia nina kichaa, lakini dereva alisema alichoona kwenye kioo chake, na ghafla Madam hakutaka tena maswali. Tukarudi Doha. Alinirudisha kwa wakala kama unavyorudisha blenda iliyoharibika. Pale ofisini kulikuwa na karani wa kwetu anayejua Kiswahili, alichukua daftari langu akasoma ukurasa wa Jumapili. Nilikuwa nimejiandaa. Niliandika: "Kituo cha 3, wote wametimia. Kituo cha 4, N. hayupo." Kwa hiyo walikutafuta ufukweni, na si mlimani. Ni uongo pekee nilioandika kwa wino katika maisha yangu. Mengine yalinyooka polepole: uhamisho, hoteli, mashine za kufulia, kitanda hiki cha juu kwenye chumba cha wanne.

Mama yako nilimwambia tu kwamba ulishuka basi ukapata marafiki. Sikumwambia habari ya sikio. Kila mwezi ameniuliza, kila mwezi nimemwambia wewe ni hodari. Lakini usiku kwenye mashine nimejiuliza mara nyingi: damu ya ndani ya sikio ni kitu gani? Je, nilikusaidia kukimbia, au nilimwacha mgonjwa porini na kuwaelekeza watu upande mwingine?

Saa nne nimempigia. Nimemsomea barua hii mpaka hapa, chupa na sikio na mkono wangu uliotoa chupa. Hakunikatiza. Nilipomaliza akaniuliza, mtu akipasua kuni nyuma yake:

"Alikuwa amesimama kwa miguu yake?"

"Ndiyo, mama."

"Na chungwa alikuwa analimeza, au analishika tu?"

"Alitema ganda, mama. Akatafuna."

"Nafula akiumwa hagusi hata uji," akasema polepole. "Tangu kunyonya. Kuumwa kichwa tu, siku mbili hali chakula."

Kisha akaondoa simu mdomoni na nikamsikia akimwita baba yako mdogo, yule wa koti la kijani, amwambie aache kuufunga mgomba kamba. Sauti ya mzee ikaja kwa hasira, "Shemeji, kaburi limeshapimwa! Watu wameshaalikwa!"

"Basi lala wewe ndani, tuone kama linakutosha!"

Kukawa na makelele, kitu kikaanguka, mtu akacheka. Mama yako akarudi, anahema.

"Mwanangu, nimewaambia wangoje mpaka mahindi yavunwe. Baada ya hapo sitakuwa na nguvu ya kuwakataza."

"Na mgomba, mama? Umeshakatwa."

"Tutawapa ng'ombe waule."

Umesikia, dada. Siku ile ulikuwa hupo nikasema upo. Leo walitaka niseme hupo, nikasema nilichoona, umesimama na unakula. Sina kingine. Inawezekana ulianguka saa moja baadaye, na kama ni hivyo basi nimemnyima mama yako kilio chake, na nitambebea hilo. Lakini kama uko hai na umenyamaza kwa sababu ya aibu, au kwa sababu unadhani mimi nimekufa kwa ajili yako, basi nikikuona nitakupiga kwa mikono yangu miwili kabla ya kukukumbatia. Namba ya mama ni ileile. Mahindi yameshafika magotini.

Mimi mdogo wako, wa kitanda cha juu, niliyesema tumetimia.

Nimeongeza baada ya kuamka: usingizi ulinichukua saa tano na dakika ishirini asubuhi, vumbi likiwa bado linavuma.