Baba Hakukataa Chakula cha Mama

Shule ya Wasichana,
Shinyanga.
Jumatano.

Kaka Lukas mpendwa,

Shikamoo kaka. Nakusalimu kutoka huku ambako mvua imetusahau na upepo unaingiza vumbi hadi kwenye uji. Mwilini sina homa wala jeraha, mengine utayasoma humu. Wewe je, na wifi? Mtoto ameanza kusimama? Na baba, kifua chake kinamwacha alale?

Barua yako niliipokea juzi. Nilikwenda kuisomea nyuma ya banda la kuni, kwa sababu hapa bwenini ukifungua bahasha vichwa vinne vinakuinamia. Nimeisoma mara nyingi nikitumaini kwamba labda sikuielewa. Unasema baba, tangu arudishwe kutoka mgodini, hagusi anachopika mama. Jioni anakaa shikome, kwenye moto wa wanaume uani, ugali unaletwa pale motoni, ananawa, anakata tonge, analishika, kisha analirudisha mbele ya macho ya watu. Baba mkubwa Ng'wandu akasema kwamba mwanamume akinawa na kulirudisha tonge shikome, ameshatoa ushahidi juu ya mpishi hata kama hajafungua mdomo. Halafu shangazi Holo akaleta uji wake na baba akanywa. Sasa wazee wanataka mama arudishwe Ushirombo kwa kaka zake, kama mwanamke aliyeweka kitu kwenye chungu. Na wewe umeniuliza kama niliwahi kumwona mama akiwa na dawa yoyote jikoni.

Sijawahi. Niliona chumvi, mlenda na karanga. Kaka, hukupaswa kuniuliza hilo, lakini umeniuliza na nimejibu.

Mimi ni msichana, sina kiti shikome. Na hata kama ningekuwa nacho, unajua jinsi sauti inavyonikauka nikitazamwa na watu wengi. Kwa hiyo nakuandikia wewe, ili ukaseme pale. Nitakueleza jambo nililoliona darasani wiki hii. Litaonekana dogo, lakini tafadhali soma hadi mwisho.

Sista anayetufundisha sayansi alituagiza tukamate nzi jikoni. Aliwagandisha mgongoni kwa nta ya mshumaa, kila mmoja kwenye njiti yake, miguu ikining'inia. Kwanza aliwanywesha maji matupu mpaka wakaacha wenyewe, ili tusije tukaichukua kiu tukaiita njaa. Kisha akashusha mmoja mpaka nyayo zake zikagusa maji ya sukari. Papo hapo mrija ukatoka mdomoni ukanyooka chini, akaanza kunywa. Nzi huonja kwa miguu, kaka. Darasa zima tulicheka. Konsolata, yule binti wa Kishapu anayekaa nyuma yangu, akaninong'oneza, "Minza, na wewe tukikuchovya miguu kwenye chai utatoa ulimi?" Hata mimi nilicheka, na ndiyo mara ya mwisho.

Sista alieleza kwamba vinywele vya miguuni vina nyuzi nyembamba za fahamu, zinazopeleka habari kwenye ubongo mdogo kuliko punje ya ulezi. Habari ikifika, mrija unatoka. Nzi hafikiri wala hapangi. Na akishashiba, uzi mwingine unaotoka kooni na tumboni unapeleka neno moja tu: basi. Hapo hata umsimamishe ndani ya sukari, mrija haunyooki. Alisema wapo waliowahi kuukata uzi huo, na nzi akanywa bila kukoma mpaka tumbo likapasuka. Hakuwa na njaa kali kuliko wenzake. Hakuwa tena na wa kumwambia basi.

Tuliwashibisha nzi wetu na kweli, miguu iligusa maji yaleyale na hakuna aliyejali. Lakini Sista akaongeza sukari, maji yakawa mazito, na baadhi ya walioshiba wakatoa mrija tena. Wakanywa kidogo, wakaurudisha.

Sehemu hii, kaka, isome mara mbili. Uliniandikia mwenyewe kwamba uji wa shangazi ulikuwa na asali.

Sasa nikuambie juu ya nzi wangu mimi. Alikuwa amefungiwa tangu jana yake bila chakula, tumbo lake limenywea kama ganda. Nilimshusha kwenye sukari nyepesi, hakutoa kitu. Nikamshusha tena. Nikasema, "Sista, wangu amekataa."

Sista akaja akamtazama. Akasema, "Usiseme amekataa. Kukataa ni kwa mwenye kuchagua. Huyu ni mgonjwa. Miguu imegusa, lakini ndani hakuna kinachomwambia ale."

Wenzangu waliendelea na wao. Mimi nilikuwa namwona baba ameshika tonge.

Baada ya kengele nilibaki. Nilimwuliza Sista kama mgonjwa anaweza kuambiwa basi na mwili wake mwenyewe wakati tumbo ni tupu. Akasema inawezekana, ingawa mtu ana mambo mengi kuliko nzi. Nikamwuliza ni nini kinachoweza kuunyamazisha uzi huo. Alifuta ubao kwanza. Halafu akasema, "Sijui, binti yangu," na akaniuliza nani anaumwa nyumbani. Nilichukua daftari langu nikatoka.

Kwa hiyo hivi ndivyo ninavyokuomba ukaseme shikome. Baba amevuta vumbi la mawe miaka yote ile, na kifua chake kimeharibika, na mwili wake unamwambia basi kutwa nzima. Ananawa mikono kwa sababu anajua ni wakati wa kula na hataki kumwaibisha mama. Anakata tonge kwa sababu hiyohiyo. Linamshinda mkononi. Hamtuhumu mtu. Uji wa shangazi aliunywa kwa sababu ulikuwa mtamu, na utamu mkali unaweza kuuamsha ulimi kidogo hata pale njaa isipokuwepo. Wazee wamepima ugali wa mtama wa mama kwa uji wa asali wa shangazi, wakadhani wamewapima wanawake wawili. Mwambie baba mkubwa, kwa heshima zote, kwamba mama naye apewe asali apike uji uleule, na shangazi asonge ugali. Halafu wote watazame. Anaweza kukucheka kwa kuwa haya yametoka kwa nzi. Mwache acheke, mradi akubali kujaribu.

Jumamosi.

Barua ilikuwa bado haijatoka. Nilikuwa nasubiri stempu.

Leo tulitumwa sokoni kununua dagaa wa shule, nikamkuta mzee Saidi, yule mchuuzi anayepita kwetu akitoka ziwani. Alinitania kama kawaida yake, eti nimekonda, masista wanatulisha sala bila mboga. Nikamwamkia, nikamwuliza habari za nyumbani. Akaacha kupima dagaa.

"Mama yako nimempita njiani," akasema. "Amejitwisha kikapu, na kijana wa kaka yake amebeba mkeka. Ameniambia nikuambie usome."

Niliuliza kama kuna lingine alilosema. Hakuna. Niliuliza nani anampikia baba sasa. Akasema shangazi amehamia pale.

"Na baba anakula?"

"Hilo sikuuliza, mwanangu. Mimi nilipeleka dagaa tu."

Kwa hiyo kaka, yote niliyoandika hapo juu yamechelewa. Sikuyafuta, kwa sababu ni kweli hata sasa. Sijui kama ulisimama upande wa mama au ulinyamaza, na sitakuuliza, kwa kuwa na mimi hapa nilikuwa nasubiri stempu.

Lakini kuna jambo limebaki, na tangu sokoni halinitoki kichwani. Shangazi sasa anapika ugali wa kila siku, bila asali, maana asali si ya kila siku. Ikiwa baba anaula, basi mimi sijui kitu, wazee walisema kweli na mama yetu hatarudi. Ikiwa analirudisha tonge la shangazi kama alivyolirudisha la mama, basi mama hana hatia na mnaweza kumfuata Ushirombo hata kesho. Lakini hapo baba atakuwa anakufa, na hakuna anayejua namna ya kumrudishia njaa. Jioni hii kanisani wenzangu wote walipiga magoti. Nami nilipiga. Sikupata la kuomba.

Nisalimie wifi, na mtoto umbebe kwa niaba yangu. Mpe baba mkubwa Ng'wandu shikamoo yangu, sina hasira naye. Shangazi Holo umwambie namshukuru kwa kumhudumia kaka yake. Baba usimpe salamu zangu kwa mdomo. Kaa naye tu kidogo, upande wake usio na moshi.

Nakuomba jambo moja. Jioni utakayoipokea barua hii, nenda shikome ukakae karibu na baba ugali unapoletwa, umtazame mkono. Halafu niandikie ulichokiona, hata kama ni mstari mmoja.

Ni mimi mdogo wako,

Theresia Minza