Hodi Mara Tatu

Jumapili, 2 Agosti 2009. Nyamityobora, mjini kwa Mjomba
Mjomba Natanaeli amepigwa picha mpya ya gazeti. Tai nyekundu, kidevu juu, kama mtu aliyenusa maziwa yaliyoharibika. Chini yake wataandika: N. Kayumba, mtaalamu wa ustaarabu wa kisasa. Mtaalamu! Kwetu Kongo alikuwa mwalimu wa darasa la tatu. Tulipokimbilia kambi ya wakimbizi ya Nakivale alichaji simu za watu pale sokoni Rwekubo. Halafu akaliandikia gazeti barua ya kulalamika juu ya watu wanaotema mate barabarani. Wakaichapa, wakaomba nyingine. Basi, akawa mwandishi wa habari. Elimu yake yote ya adabu za mezani imetoka katika kitabu kimoja cha Kifaransa cha wamisionari, hakina jalada, na kurasa za supu zimeliwa na panya. Ndiyo maana hajawahi kuandika juu ya supu.

Gazetini anaandika Kiingereza. Jumamosi saa kumi anasikika redioni kwa Kiswahili, kwa ajili ya watu wa kambini. Hicho Kiswahili nakinyosha mimi. Yeye ananilipia shule, mimi namlipia sarufi. Hakuna anayejua.

Jumatano, 5 Agosti
Makala ya wiki hii ni kisu cha samaki. Watu waliopanga foleni ya mahindi tangu alfajiri wataambiwa kisu cha samaki kinakaa upande gani wa sahani! Kambini tuna kisu kimoja. Kinakata kila kitu, hata kamba ya mbuzi.

Na Nkambo atasikiliza mpaka mwisho. Nkambo ni bibi yangu, na Mjomba ni mwanawe wa kumzaa. Tangu Mjomba aseme kwamba mgeni mstaarabu hubisha mara tatu, hurudi hatua mbili nyuma na kungoja aitwe, Nkambo hubisha hata kwenye chumba ninacholala kambini nikiwa likizo. Nyumba ni yake, mlango wenyewe bati! Namwambia, Nkambo, ingia tu. Anasema hapana, mwana yangu alisema kwa redio.

Jumamosi, 15 Agosti
Niandike kwa mpangilio.

Mchana alikuja mhariri, Bwana Mbabazi, na mkewe. Chakula cha wageni. Mjomba alitukunjia serviette za kufutia midomo ziwe kama bata. Zilikuwa kama viatu.

Nilikuwa namimina chai. Hodi. Hodi. Hodi.

— Bwana Kayumba, kuna mtu iko inje, alisema Mbabazi.

Mjomba akafunua pazia kwa kidole kimoja. Nami niliona. Nkambo. Kitenge cha kanisani, kibuyu cha maziwa kifuani, amesimama hatua mbili nyuma ya kizingiti. Jua la saa saba. Amekuja kwa ajili ya jicho lake, Jumatatu aende hospitali.

Mjomba akarudisha pazia.

— Ni mwanamke wa maziwa tu. Atangoja.

Na mimi? Nilikuwa nimeshika birika. Nilifungua mdomo. Nikauliza nani anataka sukari.

Dakika arobaini! Wakazungumza juu ya namna ya kumshukuru mwenyeji. Nkambo hakubisha tena. Ya nne haimo katika sheria.

Walipotoka, mke wa Mbabazi alimwita Nkambo kama mama yeyote wa sokoni: Nyabo, hata kwangu uleteko maziwa kesho. Nkambo akainama akamshika mkono kwa mikono miwili: Aksanti, mama, Mungu akubariki. Alidhani amekaribishwa.

Baadaye jikoni — jikoni! — aliniuliza kwa furaha:

— Nilifanya muzuri? Nilibisha mara tatu, nikarudia nyuma, nikangoya. Batu ba hapa baone na siye tuko na adabu.

Nilisema ndiyo, Nkambo, muzuri sana.

Mjomba hakuonja maziwa. Eti yananuka moshi. Kwetu hata adui hakatai maziwa.

Jumatatu, 17 Agosti
Hospitali nimempeleka mimi. Mjomba alikuwa na mkutano. Mtoto wa jicho, macho yote mawili, arudi Oktoba. Nkambo anasema si neno, mwanawe hahitaji kuonekana, anasikika. Nimempandisha gari la Rwekubo. Mjomba hakumsindikiza hata mpaka kwenye lango. Juu ya kusindikiza mgeni aliandika Machi. Sehemu mbili!

Jumatano, 19 Agosti
Mjomba amenipa makala ya wiki hii niinyoshe. Kichwa: Mgeni wa Ghafla. Kuna bibi kizee kutoka kijijini ndani yake, ana kitenge na kibuyu, anasimama mlangoni kwa watu bila kujua kwamba mwenye nyumba ana miadi. Wasikilizaji wacheke.

Nilimwambia, Mjomba, Nkambo husikiliza.

— Sikumutaja jina, Umuhire.

— Kitenge umekitaja. Kibuyu umekitaja. Jirani zake wote watamjua.

— Mais non, hapana! Adabu haina ndugu. Maliza, kesho narekodi.

Mwoga mkubwa. Mnafiki mwenye tai. Nimemdharau mpaka meno yakauma. Kisha nikakaa nikainyosha. Na pale alipoandika vibaya, kwamba bibi "alisimama sana muda murefu", mimi nikaweka: "alisimama hapo kama mzigo uliosahauliwa na gari." Nikaisoma. Nikatabasamu! Ni sentensi nzuri. Ndiyo itakayochekesha kuliko zote.

Ijumaa, 21 Agosti
Shule zimefungwa. Kesho asubuhi naenda Nakivale. Mjomba amesharekodi. Anasema fundi wa studio alicheka mpaka wakarudia.

Jumamosi, 22 Agosti. Nakivale
Saa tisa na nusu. Nimejifungia chumbani.

Nkambo ametandika mkeka mbele ya nyumba. Amevaa kitenge kilekile. Nyirabizimana, jirani, amekuja na binti zake. Mzee Eliezeri amekuja na kiti chake, na anauliza kama leo tena ni samaki. Nkambo anawaambia leo mambo ni mingi zaidi, kwa sababu yeye mwenyewe alifika kule, akaona fasi mwanawe anakaa, akasalimiana na wakubwa wa gazeti.

Betri za redio zilianikwa juu ya jiwe tangu asubuhi zipate nguvu. Kazi yangu kuzileta. Nimeshazitoa juani, lakini sijampa. Ziko mfukoni, zina moto, zinanichoma paja.

Eliezeri anasema kama za Nkambo zimekufa, kwake ziko mpya, si mbali.

Ningeweza kutoka nimwambie. Nkambo, yule bibi ni wewe. Na ile ya mzigo ni yangu.

Saa kumi kasoro kidogo. Nkambo ananiita. Nasikia fimbo yake ukutani, anapapasa, anakuja.

Amefika. Bati limelia mara tatu.

Sasa amerudi nyuma. Anangoja.