Nanasi la Siku Kuu

Zeulenroda,
14 Machi 1983.

Mpendwa dada Edeltraud,

Pokea salamu zetu sote. Natumaini huko Kiel hamjambo, na mgongo wa shemeji umepata nafuu. Mimi ni mzima wa mwili, lakini moyoni sina raha hata chembe.

Mama hataki kula, dada. Tangu tumzike baba, leo siku ya tisa, anakunywa chai tu, nayo haimalizi. Hukuwahi mazishi, wala sikulaumu. Ila daktari ameniambia wazi kwamba asipokula wiki hii, atatutoka.

Jana asubuhi alifumbua macho akasema, "Nitakula ule mkate wa nanasi wa Edeltraud." Ule uliotupikia ulipokuja mara ya mwisho! Nilikwenda jikoni mbio.

Unalikumbuka kopo la nanasi ulilotutumia mwaka wa sabini na sita? Mama alilificha nyuma ya sahani nzuri, liwe la siku kuu. Ikaja harusi yangu, akasema bado. Ubatizo wa Henrike wangu, bado. Krismasi saba, bado. Huku kwetu Mashariki ndivyo tulivyo, kitu kikitoka kwenu Magharibi hakiliwi, kinatunzwa. Basi jana nikalishusha, kumbe limevimba pande zote mbili. Nilipolitoboa lilinirushia maji yenye uvundo usoni. Nilikaa sakafuni nikalia.

Jirani yetu, Bi Kretzschmar, alinisikia akaja na chupa ya peasi zake alizozihifadhi kwa sukari.

"Kopo mmelitunza kuliko meno yenu!" akanitania. "Haya inuka, washa oveni."

Nikapaka mkate siagi, nikaweka hemu ya nguruwe, juu yake peasi, nikafunika kwa jibini, na katikati nikatia cheri moja ya kwenye jamu. Jibini ilipoyeyuka na kuanza kuungua kidogo pembeni, nyumba ilinukia vilevile kama siku ile yako.

Mama aliutazama.

"Hii peasi."

"Ndiyo, mama. Nisamehe."

"Za Kretzschmar hizo. Yule mama na sukari!"

Alitabasamu, Edeltraud! Akaomba kisu, akaukata katikati. Nikawa nimeshamshukuru Mungu. Kisha akachukua kisahani akaufunika.

"Bado," akasema. "Tutakula Edeltraud akija."

Sikujua nilie au nipige kelele. Nimekwenda polisi kukuombea kibali cha kuvuka mpaka, wamesema kwa ajili ya mgonjwa mahututi hakichelewi. Nakusihi kwa machozi, usingoje likizo, usingoje Pasaka. Zawadi usihangaike nazo.

Nisalimie shemeji Volkmar na binti yenu Antje. Henrike anakuamkia. Mungu akufikishe salama, tena upesi.

Mdogo wako asiyeacha kukupenda,
Roswitha

N.B. Sahani iko kwenye meza ndogo kando ya kitanda. Mkate umeshakauka. Kila nikinyoosha mkono niuondoe, mama anafumbua macho.